Uyoga Wenye Sponji Chini ya Kofia

Juzi mmenitumia picha tena. Uyoga wa kahawia, umepigwa picha kutoka juu, unang'aa kama mkate uliotoka jikoni sasa hivi, na chini yake mmeandika: "Mama Nzigire, huu unaliwa?" Sikujibu, na najua mmenuna. Basi nawajibu wote kwa pamoja, ninyi mliorithi vibanda vyetu pale sokoni Kalerwe baada ya magoti yangu kukataa kusimama kutwa. Picha ya juu hainiambii lolote. Ni sawa na kunionesha kisogo cha mwanamume, kisha mniulize kama ataoa vizuri.

Geuzeni kwanza. Kazi yetu yote inaanzia hapo. Ukigeuza ukakuta vipande vyembamba vimesimama kama kurasa za kitabu, hiyo ni jamaa moja. Humo ndimo ulimo uyoga wa kwenye vichuguu, ule ambao Waganda wanauita butiko na wanaupigania tangu asubuhi. Na humo humo ndimo walimo wauaji wenyewe, kwa hiyo msijidai. Ukigeuza ukakuta sponji, vitundu vidogo vidogo kana kwamba mtu amechoma kwa sindano, hiyo ni jamaa nyingine kabisa. Leo nataka kuwaeleza hiyo ya sponji, maana mvua zimeanza na naona watu wameanza kuileta sokoni.

Mimi nilipofika Kampala kutoka upande wa Bukavu nilikuwa bibi harusi, na sponji nilikuwa naijua ya kuoshea vyombo tu. Walionifundisha kazi walikuwa wawili, na hawakuwahi kukubaliana.

Wa kwanza ni Jajja Nakku, Muganda, aliyekuwa na meza iliyopakana na yangu. Yeye aliweza kunusa kikapu kilichofunikwa majani ya migomba akakwambia kama butiko iliyomo ni ya leo au ya jana. Kiswahili chake alikijenga mwenyewe, l na r zikibadilishana viti kadiri alivyopenda. Uyoga wa sponji hakutaka hata kuuona juu ya meza yangu. "Nzigire, ondoa hiyo. Wateja wakiona, watasema na mimi nauza chakura ya chura." Ukijaribu kubishana, anakukata kwa Kiganda: "Obwo si butiko." Mjadala umefungwa.

Wa pili ni Baba Ilunga, mtu wa Katanga, aliyeuza mukene, zile dagaa za ziwani, ng'ambo ya njia yetu. Siku moja aliniona natupa uyoga mkubwa wa sponji ambao mama mmoja alikuwa ameniletea, akavuka njia na harufu yake yote ya samaki. "Mama, unatupa nyama?" Akaniambia mama yake mzazi aliuza uyoga wa namna ile kando ya barabara kule kwao, mvua hadi mvua. "Kwetu bamama banauzisha hii sana. Lakini kila moja na jina yake. Ile haina jina, hatukule."

Hilo ndilo somo la kwanza alilonipa, na mpaka leo sijapata jingine linalolishinda. Hakuna kitu kinachoitwa uyoga wa sponji unaoliwa. Kuna huu unaoliwa, na huu usioliwa, na huu ambao hatuujui, na ule usiojulikana unawekwa upande wa usioliwa. Watu wanataka njia ya mkato. Wengine huchemsha na kitunguu wakisubiri kigeuke cheusi. Wengine husema ukiona konokono ameula, na wewe kula. Kuna familia moja ilimpa kuku wa jirani auonje. Kuku hakufa. Walifurahi mno, wakamnunua kuku yule, wakamchinja, wakampika pamoja na uyoga, na wote wakaharisha. Kuku alikuwa mzima. Uyoga ndio ulikuwa si mzuri kwa watu.

Baba Ilunga alinifundisha kuuchimba, si kuuvunja shingoni, kwa sababu mguuni ndiko kwenye habari. Ukiona kikombe chini ya mguu, au pete shingoni, hizo ni alama za wale wauaji wa jamaa ya kurasa, weka chini kwanza ufikirie. Kisha angalia rangi ya sponji: nyeupe, manjano, kijani cha zeituni, nyekundu. Bonyeza kwa kidole. Pasua katikati kwa kisu, kutoka kofia mpaka mguu, utazame nyama yake ikikutana na hewa. Mingine inabaki vilevile. Mingine inageuka buluu mbele ya macho yako. Hapo watu hukimbia. Buluu peke yake haimaanishi sumu, na kutokuwa na buluu hakumaanishi usalama. Lakini sponji nyekundu inayogeuka buluu, hiyo Baba Ilunga hakuigusa. "Ya mekundu chini, mi siuzishe. Hata mutu aape." Mwisho kabisa, uliza uliota chini ya mti gani. Uyoga hauoti popote tu. Una mti wake kama mtu alivyo na ndugu zake.

Sasa nawasimulia ya Akello, maana ndipo nilipotambua kwamba kuyajua hayo yote ni nusu tu ya kazi.

Ilikuwa mwanzo wa mvua. Mwanamke mmoja mrefu alikuja mezani kwangu na beseni lililofunikwa kitenge. Sikuwa namfahamu. Mumewe alikuwa askari, walikaa Luzira katika nyumba za askari, na yeye mwenyewe alitoka kaskazini. Kiswahili chake kilikuwa kile cha kambini, kifupi, kinachokwenda moja kwa moja.

"Mama, watu wanasema wewe unajua uyoga. Niambie tu hii ni mzuri. Leo mama yangu anakula."

"Mama yako yuko wapi?"

"Nyumbani. Anaumwa."

Akanieleza akiwa amesimama. Walimleta mama yake kutoka kaskazini kwa matibabu. Hospitali walifanya waliyoweza, kisha wakamruhusu arudi nyumbani, wakasema apewe chakula chochote anachotamani. Shida ni kwamba hakutamani kitu. Uji aligeuzia uso ukutani. Samaki, hapana. Hata chai alikunywa kijiko kimoja akaomba iondolewe. Mpaka asubuhi ile, mvua iliponyesha juu ya mabati, ndipo mgonjwa alipofumbua macho akataja jina la uyoga ambao mama yake alikuwa akiwapikia wakiwa watoto, mvua ya kwanza ikishapita. Akello alitoka na beseni mvua ikiwa bado inadondoka, akaenda kwenye misonobari iliyo karibu na ziwa, akaokota kila alichokiona.

Nilifunua kitenge, nikageuza. Sponji, kweli. Lakini niliona ndani ya beseni lile makabila matatu yamekaa pamoja. Kulikuwa na midogo yenye ngozi ya kunata, sponji ya manjano, ambayo inapenda misonobari. Kulikuwa na iliyokwisha kuoza, inatembea kwa funza. Na kulikuwa na minene yenye sponji nyekundu. Nilipoibonyeza kwa kidole gumba, alama ya kidole ikawa kama wino.

"Kati ya hii, wa kwenu ni upi?"

Alitazama beseni muda mrefu. "Nilikuwa mtoto, mama. Nilikuwa nakula. Sikuwa napika."

"Basi tupa yote."

"Yote? Si utoe mbaya, ubakishe mzuri?"

"Umeivunja shingoni, imepondeka, imechanganyika. Siwezi kukuhakikishia kipande kwa kipande. Tupa."

"Mama yangu anakufa na wewe unaniambia tupa?"

"Kama anakufa, usimharakishe."

Alifunika beseni lake, akaondoka bila kuaga.

Nikahudumia mteja mmoja, nikahudumia wa pili, na wa pili akanirudishia mfuko kwa sababu nilimpa kitu ambacho hakuomba. Nikamwambia Jajja Nakku aniangalizie meza.

"Unakwenda wapi? Uyoga ni yake."

"Mimi ndiye niliyeugeuza, Jajja. Nimeuona."

Nilipanda boda mpaka Luzira. Nyumba za askari zimepangana, zote zinafanana, lakini ukiuliza mke wa fulani kutoka kaskazini mwenye mama mgonjwa, watoto wote wanakuonesha. Nikamkuta Akello amechuchumaa nje mbele ya sigiri, chungu juu ya makaa, kitunguu kimeshakaangwa. Uyoga umo. Maji yalikuwa yamegeuka rangi ambayo chakula hakipaswi kuwa nayo.

"Nimetoa nyekundu," akasema kabla sijafungua mdomo. "Nimetoa zote."

"Umetoa ulizoziona."

"Sasa nifanye nini? Niambie. Nifanye nini?" Sauti yake ilipanda, na machozi yakaanza kumtoka huku mkono wake bado unakoroga.

Ndani ya nyumba mtu alikohoa. Kisha sauti kavu, lakini yenye amri, ikasema kwa Kiswahili: "Nani anagombana mbele ya chakula yangu?"

Kumbe marehemu mume wa mgonjwa naye alikuwa mwanajeshi. Bibi yule alikuwa amezunguka kambi nyingi, na Kiswahili alikuwa nacho. Tukaingia. Alikuwa amelala kwenye godoro karibu na mlango, mwepesi kiasi kwamba blanketi halikuinuka. Macho yake yalikuwa yamefunikwa na ukungu wa uzee. Nilichukua uyoga mmoja mbichi uliobaki kwenye beseni, ule mdogo wa manjano, nikauweka kiganjani mwake. Akaupitishia kidole gumba chini ya kofia. Akaunusa. Akauangusha sakafuni.

"Hii si yetu. Nani ameleta takataka ndani ya nyumba?"

Akello akasema polepole, "Ni mimi, Maa."

"Yetu inakaa peke yake. Kubwa kama kigoda. Mguu yake nene kama mguu ya askari mzembe." Alipumzika, akavuta pumzi. "Hii ndogo-ndogo ni ya nini? Kama nakufa, nikufe na shibe."

Akello alicheka na kulia kwa pamoja. Akatoka, akashika chungu kwa kitambaa, akaenda mwenyewe kukimwaga chooni. Sikumsaidia. Niliona anataka kufanya hivyo kwa mikono yake.

Niliporudi Kalerwe niliwasimulia wenzangu. Baba Ilunga aliinua kichwa kwenye mukene zake. "Ile kubwa, ya peke yake? Iko. Kwetu iko. Lakini hapa mujini utaitoa wapi?"

Jajja Nakku alikuwa anafunga butiko kwenye majani, hakutazama mtu. "Kubwa kama kigoda," akasema. "Hiyo iko Mengo, nyuma ya nyumba ya dada yangu, chini ya mfenesi. Kira mvua inatoka. Watoto wanaikaria."

Nikamgeukia. "Jajja! Miaka yote hii tunabishana juu ya sponji, hujawahi kusema?"

"Nimekwambia si butiko. Hujauriza kama iko."

Kesho yake asubuhi tukaenda Mengo, Jajja, Akello na mimi. Dada yake Jajja alikuwa anafagia ua, akatushangaa kwamba tumevuka mji kuja kutazama kitu ambacho yeye hukifagilia pembeni. Chini ya mfenesi ilikuwapo miwili. Mmoja ulikuwa mzee, umelegea, funza wameshaumaliza. Wa pili ulikuwa mpana kama sinia, kahawia iliyokolea kama buni iliyokaangwa. Akello alitaka kuung'oa. Nikamshika mkono. Nikapiga magoti, wakati ule magoti bado yananisikiliza, nikachimba kwa kisu mpaka nikautoa na mguu wake wote.

Hakuna kikombe. Hakuna pete. Mguu mnene, umevimba chini. Sponji ya manjano inayoelekea zeituni, na sikuona wekundu mahali popote, wala kwenye sponji, wala kwenye mguu. Niliupasua. Nyama ilikuwa manjano hafifu, imara, safi. Kisha taratibu ikaingia buluu kidogo juu juu, kama kioo kilichopuliziwa pumzi, halafu ikafifia. Harufu nzuri.

"Ni yenyewe?" Akello aliuliza.

"Karibu nina hakika."

"Karibu?"

"Karibu haitoshi. Twende."

Tulipitia Kalerwe, Baba Ilunga akakagua nusu moja, akaitikia kwa kichwa, akataja jina lake la kwao. Nusu nyingine nikaipeleka Luzira, nikaiweka mkononi mwa mgonjwa. Safari hii hakuuangusha. Aliushika kwa mikono miwili, akapitisha kidole chini ya kofia mara nyingi, midomo ikichezacheza. Mwishowe akasema neno moja la lugha yake, lile jina. Akello akageuka upande.

Lakini mkono wa bibi uliujua uyoga wa kaskazini, na huu ulitoka Mengo. Kwa hiyo nilikata kipande kidogo, nikakichemsha, nikamwaga maji ya kwanza, nikakipika tena mpaka kikaiva kabisa, nikakila mimi. Kilichobaki nikakikata vipande vyembamba tukavitandaza juu ya wavu kando ya makaa visiharibike. Nikamwambia Akello tusubiri mpaka kesho.

"Kesho? Na kama kesho hayuko?"

"Akiondoka leo, ameondoka kwa saa yake. Hakuondoka kwa mkono wako."

Alinitazama kwa hasira, na sikumlaumu. Kisha akakaa chini, akaanza kuyapepea makaa.

Mabinti zangu, hapa nisikieni vizuri. Kuonja si kipimo. Kuna uyoga wa kurasa unaokuacha ule vizuri, ulale vizuri, uamke ukijisifu, kumbe ini lako limeshaanza kuharibika. Mimi nilionja baada ya macho, kisu, mti na watu wawili wanaoujua kukubaliana, na nilikuwa nimeshaona hakuna dalili yoyote ya jamaa ile nyingine. Kama kimoja kati ya hivyo kingekataa, nisingegusa. Atakayeniiga nusu nusu asitaje jina langu hospitali.

Niliamka mzima. Nikaenda Luzira kabla ya kufungua meza. Akello alinisubiri mlangoni. Hakusalimia, alinikagua tu kutoka kichwani mpaka miguuni kama mtu anayekagua mbuzi mnadani.

"Tumbo?"

"Linadai chai."

Alipika yeye. Alivipika vipande vyote tulivyokausha, akavikoroga na rojo ya ufuta na karanga kama wanavyofanya kwao, na harufu yake ikawaleta majirani mpaka kwenye kizingiti. Tukamwinua bibi, tukamwegemeza kwa mito. Kijiko cha kwanza alikaa nacho mdomoni kwa muda.

"Chumvi," akasema. "Umetia chumvi kama mtu mwenye deni la chumvi."

Akaomba kijiko kingine. Akala, akapumzika, akala. Akauliza kwa nini hakuna ugali wa uwele, kwamba mboga hii inaliwa na nini, na hewa? Akello alikimbia nje kwa jirani akitafuta unga, na kandambili moja akaiacha pale mlangoni.

Tulipobaki wawili, bibi aliuliza, "Nani alikula kwanza?"

"Mimi, mama."

"Kwangu alikuwa anaonja binti yangu mkubwa. Nikipika kitu kutoka porini, yeye kwanza. Alikuwa hataki wadogo zake waguse kabla yake." Akatafuta mkono wangu juu ya blanketi mpaka akaupata. "Alikufa kwenye vita, porini, hata kaburi lake sijui. Sasa ni wewe."

Nilimfuta rojo kwenye kidevu.

Uyoga hauponyi mtu, msije mkaandika hivyo kwenye vibanda vyenu. Lakini baada ya siku ile alikula. Alikula uji, akala samaki, akapata nguvu ya kugombana na mkwe wake, na mvua zilipokatika akasafiri kurudi kwao kaskazini akiwa amekaa, si amelala. Aliishi huko msimu mzima.

Kisha siku moja nikamwona Akello amesimama mbele ya meza yangu, mikono mitupu, kitambaa cheusi kichwani. Jajja Nakku alimwona kabla yangu, akaacha kufunga majani.

"Maa amekwenda," Akello akasema. "Wamesema uje."

Nikaenda. Safari ilikuwa ndefu, na nilipofika nilikuta ua umejaa watu ambao sikujua hata mmoja wao. Wanawake wa nyumba ile walikuwa wamekaa kwenye mkeka mmoja, karibu na marehemu. Nilijitafutia nafasi nyuma, upande wa wageni. Akello akaja, akanishika mkono, akanipeleka mbele mpaka kwenye ule mkeka. Shangazi mmoja mzee alinitazama, akauliza kwa sauti kubwa huyu Mkongo ni nani hata akae na mabinti.

Akello akamjibu kwa lugha yao, kisha akarudia kwa Kiswahili ili na mimi nisikie: "Huyu ndiye alikula kwanza."

Shangazi akakusanya gauni lake, akasogea, nikakaa.